Mjadala: Nani mkubwa kazini, aliyetangulia kuingia au aliyetangulia kupanda cheo?

Karani wa Masijala
Assalaam alaykum jamaa. Nauliza wenzangu wa utumishi wa umma hapa Mombasa, wa kaunti na wa serikali kuu. Msimamizi wetu ametimiza miaka 60, amestaafu. Wanaofaa kukaimu ni wawili, daraja moja. Mama mmoja aliingia 1998, enzi za Baraza la Manispaa. Kijana aliajiriwa na kaunti 2014 na stashahada yake, akapata daraja hilo 2017. Mama akalipata 2019. Kijana ndiye aliyepewa nafasi, na tangu siku hiyo chai ya saa nne kila mtu anywa kivyake.

Msimamo wangu: watu wakiwa daraja moja, itazamwe tarehe ya kupandishwa, si tarehe ya kuajiriwa. Tukifuata ya kuajiriwa, basi tarishi wa 1990 atamtangulia kila mtu.

Mtoto wa Likoni
Wacha hiyo, babangu. Huyo mama alichelewa kwa kosa la nani? Baraza lilikuwa na ngazi za namba, 1 hadi 20, na 1 ndiyo ya juu. Serikali kuu ilitumia herufi, A ndiyo ya chini. 2013 mabaraza yakafa, kaunti zikashika mahali pake, wafanyakazi wa mabaraza wakatiwa chungu kimoja na waliotoka wizarani. Hapo ndipo balaa lilipoanza: namba fulani ni sawa na herufi gani? Kuna waliokaa miaka wakingoja jibu, na wakati huohuo vijana wapya waliajiriwa moja kwa moja kwenye herufi. Barua ya 2019 haisemi alistahili lini, yasema karatasi ilitoka lini.

Mstaarabu wa Kongowea
Nyote mwabishana tarehe. Katiba, kifungu cha 232, yataka uajiri na upandishaji vyeo uende kwa ushindani wa haki na sifa. Miaka ni sehemu ya sifa, sikatai, ila haiwezi kuwa sifa yote. Kijana akifunga hesabu za mwezi kwa wakati na mama hawezi, mwataka tufanye nini?

Mtoto wa Likoni
Na nani kasema hawezi? Ati stashahada! Miaka yote hiyo hesabu zilifungwa na majini?

Nesi wa Zamu ya Usiku
Afadhali nyinyi mwahesabiwa. Mimi nilianza kwa mkataba, ukiisha wapewa mwengine. Nilipopewa kazi ya kudumu yenye pensheni, mkubwa akaniambia ukubwa wangu waanza siku hiyo. Mwenzangu niliyemshika mkono akitafuta mshipa wa mtoto, asije akamchoma bure, alitangulia kupata ya kudumu. Sasa yeye ndiye anipangiaye zamu, na Idi zote nakesha wodini. Wale walioajiriwa kwa mkataba 2020 katika mpango wa Afya kwa Wote wanaelewa ninachosema. Kazi ni ileile, dawa zilezile, ila miaka ya mkataba haionekani.

Karani wa Masijala
Dada, pole. Hilo lako kwangu ni zito kuliko la ofisini kwetu, maana kazi ilifanywa na imeandikwa kwenye daftari la zamu.

Likoni, kwa mama nakuitikia nusu. Barua ya kupandishwa huwa na tarehe mbili: siku iliyoandikwa, na siku cheo kinapoanza kuhesabiwa, iliyo ndani ya maandishi. Watu husoma ya juu tu. Mama afungue faili lake. Ikiwa cheo kimerudishwa nyuma hadi kabla ya 2017, basi yeye ndiye mkubwa, na mimi mwenyewe nitasema hivyo mkutanoni. Kama hakikurudishwa, aandikie bodi ya utumishi ya kaunti. Asiporidhika na uamuzi wake, Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 yampa siku 90 kukata rufaa kwa maandishi kwa Tume ya Utumishi wa Umma. Manung'uniko ya varandani hayamo kwenye sheria hiyo.

Mtoto wa Likoni
Aandike, sawa. Lakini kwa nini mzigo wa kuthibitisha uwe wake? Idara ibandike orodha ukutani, majina na tarehe zote mbili, kila mtu asome. Mbona orodha ya mazishi hubandikwa?

Mstaarabu wa Kongowea
Kwa hilo la orodha niko nawe. Kwa hilo la cheo, bado.