Padri anakuwaje askofu, na akitimiza miaka 75?

Wakuu, naomba kueleweshwa: padri hupitia hatua gani hadi awe askofu wa jimbo? Na je, akitimiza miaka 75 uaskofu unakoma?

Jibu 1
Kanuni ya 378 ya sheria za Kanisa Katoliki inataka awe na miaka 35 au zaidi, upadri wa miaka 5 au zaidi, na udaktari au leseni (shahada ya chini ya udaktari) ya Maandiko, teolojia au sheria za Kanisa, au walau awe mahiri kweli katika fani hizo. Balozi wa Papa huuliza watu kwa siri, kisha hupeleka Roma majina matatu. Papa halazimiki kuchagua hata moja kati ya hayo. Siri ikivuja, mchakato unaweza kuvurugika.

Jibu 2
Mkuu hapo juu kaeleza vizuri. Akishapokea barua ya uteuzi, awekwe wakfu ndani ya miezi 3, na kabla ya kusimikwa. Kwa kawaida huwekwa mikono na maaskofu watatu au zaidi. Mashemasi wawili humshikia kitabu cha Injili juu ya kichwa wakati wa sala; ndipo hupakwa krisma (mafuta matakatifu), halafu hupewa pete, mitra (kofia ya kiaskofu) na fimbo.

Jibu 3
Kuhusu 75: anaombwa kuandika barua ya kung'atuka, lakini anabaki kazini mpaka Papa aikubali. Uaskofu wenyewe haufutiki, anaacha madaraka tu. Kama kuna askofu mwandamizi, yaani aliyeteuliwa mapema kumrithi, anarithi papo hapo. Askofu msaidizi hana haki hiyo. La sivyo, washauri wa jimbo humchagua msimamizi ndani ya siku 8, isipokuwa Papa amekwisha kuweka wake.