Kesi ya yule dogo George Stinney, ilikuaje?

Mkorosho: Wadau nipo kijiweni hapa Newala tunabishana tangu asubuhi, eti Marekani 1944 mtoto mweusi wa miaka 14 aliuawa kwenye kiti cha umeme na kesi yake ilisikilizwa siku moja tu, kweli?

Kusini_Kwetu: Kweli. South Carolina hiyo. Baraza la mahakama (jury, raia wanaoamua kama mtu ana hatia) lilikua wazungu watupu, wakajadili kama dakika 10 wakamtia hatiani, na wakili wake hata rufaa hakukata. Hukumu imekuja kufutwa 2014, miaka 70 baadae, kaburini itamsaidia nini sasa

Binti Masasi: Mi huyo wakili ndo ananiuma kuliko hata jaji

Mkorosho: Dah. Basi soda nadaiwa, nilibisha haiwezekani