Mashine ya espreso ya daraja la juu nyumbani: ninunue au niache?

Kikombe Cheusi
Wakuu, habari za humu ndani. Nimeweka akiba muda mrefu kwa ajili ya mashine nzuri ya espreso na sasa fedha imetimia. Nimebakiza tatu: La Marzocco Linea Micra, mojawapo ya zile za Kiitaliano zenye kichwa cha E61 (kile kinachomimina maji juu ya kahawa) na boila mbili, yaani matangi mawili ya kuchemshia maji, na Breville Dual Boiler. Kila ninayemuuliza ana jibu lake, na wapo wanaoniambia ni kutupa hela. Naomba ushauri wa mliozitumia, nataka kuagiza kabla ya mwisho wa mwezi. Nawasilisha.

Fundi Mvuke
Karibu mkuu. Ila umetutajia mashine tu, wewe mwenyewe hujajieleza. Unakunywa nyeusi au na maziwa? Mko wangapi? Asubuhi una nafasi au unakimbia? Buni unasagia nini? Maji ya kwako yakoje? Bila hayo kila mtu atakusifia ile aliyonayo jikoni kwake.

Mvuta Wenzo
Achana na zote tatu. Chukua ya mkono, Flair au Cafelat Robot. Haina pampu, haina boila, haina umeme. Unachemsha maji kwenye birika, unamimina, unasukuma kwa mikono yako mpaka presha inafika bar 9 kama ya mgahawani. Hata krema hii tunayoisifia ilizaliwa kwenye mashine za wenzo: Achille Gaggia aliandikisha ugunduzi wake mwaka 1938, na baada ya vita mashine zake ndizo zilizoleta lile povu la dhahabu juu ya kikombe. Kabla ya hapo watu walisukuma maji kwa nguvu ya mvuke tu, presha ndogo, kahawa imeungua. Sasa wewe unataka kulipia vyuma na saketi za nini?

Mama Povu
Mvuta Wenzo, kila uzi unakuja na hiyo mikono. Mtu akitaka kapuchino mbili za haraka, huo mvuke wa maziwa atautoa wapi?

Mvuta Wenzo
Hajasema anakunywa maziwa.

Mama Povu
Hajasema hanywi pia. Ndiyo maana ameulizwa.

Kikombe Cheusi
Samahanini wakuu, nilikuwa kazini. Tuko wawili. Mimi nakunywa nyeusi, mwenzangu ni maziwa tu. Siku za kazi tunatoka mapema. Kwa sasa natumia mokapoti, kile kibirika cha kupikia kahawa juu ya jiko, na buni nasagia kwenye ile mashine ya visu ya kusagia viungo. Maji yanaacha ukoko mweupe kwenye birika. Hayo ya kusaga na maji sikuyataja kwa sababu nilidhani mashine ya daraja hilo inajitosheleza.

Fundi Mvuke
Hapo sasa tunaweza kuongea. Mkuu, haijitoshelezi. Naomba unisome taratibu, kwa sababu hapa ndipo fedha za watu wengi zinapopotelea.

Espreso ni maji ya moto, nyuzi 90 hadi 96 hivi, yanasukumwa kwa bar 9 kupita kwenye unga ulioshindiliwa. Kipimo ambacho wengi wetu tunaanzia ni gramu 18 za unga, zitoke gramu 36 za kinywaji, ndani ya sekunde 25 hadi 30. Kinachoyazuia maji yasipite kwa sekunde kumi ni unga wenyewe. Pampu inasukuma, unga unakataa, na ladha inapatikana katika kule kukataa. Mashine ya visu haisagi, inakatakata. Unapata vumbi na mapande kwenye kijiko kimoja. Vumbi linatoa uchungu, mapande yanatoa ukali wa ndimu, na maji yanatafuta penye upenyo yanapita hapo hapo. Uweke unga huo kwenye Linea Micra au kwenye mashine ya bei ya chini kabisa, utalia vilevile.

Unahitaji mashine ya kusagia yenye meno, bapa au ya koni, inayoweza kurekebishwa kidogo kidogo sana. Kwenye espreso ukisogeza meno kwa upana wa unywele, shoti (ile espreso moja unayotoa) inabadilika kwa sekunde kadhaa. Zipo za mkono zinazofanya kazi hiyo vizuri ukiwa na subira ya kuzungusha. Mimi ningegawa ile fedha: sehemu nzuri iende kwenye kusaga, inayobaki ndiyo itafute mashine.

Mama Povu
Naunga mkono la kusaga. Ila kwa watu wawili, mmoja maziwa, mimi nasema boila mbili na usirudi nyuma. Espreso inataka maji ya nyuzi 93 hivi, mvuke unatoka kwenye boila iliyopita nyuzi 120. Boila moja haiwezi kuwa sehemu mbili kwa wakati mmoja. Ukiwa na moja unatoa shoti, unasubiri ipande, unapiga povu, halafu unasubiri ishuke kwa ajili ya shoti ya pili. Nimeishi na ya hivyo. Asubuhi ya kazi haikufai.

Kuna za kati, ambazo bomba la maji ya kahawa linapita ndani ya boila ya mvuke na kupata joto humo. Hizo zinatoa shoti na mvuke kwa pamoja, lakini ikikaa muda bila kutumika maji ya kwenye bomba yanapita kiasi cha joto, inabidi umwage kidogo kabla ya kuweka kahawa. Wapo wanaozipenda sana. Mimi sina subira ya kukisia joto kila asubuhi.

Taratibu Tu
Kuhusu E61, mleta mada alijue hili mapema: inachelewa. Kile kichwa ni shaba nyeupe ya kilo kama nne, na kinapashwa na maji ya moto yanayozunguka kati yake na boila. Hesabu nusu saa au zaidi ndipo kitulie. Faema walikitoa mwaka 1961, mwaka wa kupatwa kwa jua huko Italia, ndiyo asili ya jina. Kilileta pampu ya umeme mahali pa mkono, na hadi leo kinatengenezwa na viwanda vingi, kwa hiyo spea na gasketi zake zinapatikana kirahisi. Nakipenda kwa moyo wote, ukikiwekea swichi ya saa kiwake kabla hujaamka kinakupa raha. Ila anayetoka mbio asijidanganye kwamba atakiwasha na kunywa. Micra na Breville zinapata joto haraka zaidi kwa mbali.

Mpangaji Makini
Naomba niseme langu kwa urefu, maana nimeumizwa na hizi mashine kubwa na sitaki mtu mwingine apite nilipopita.

Nilinunua iliyotumika, ile aina ya bomba ndani ya boila anayoisema Mama Povu. Ilikuwa inang'aa kama kioo. Muuzaji akaniapia kwamba boila imesafishwa juzi na kwamba ilikuwa ya nyumbani tu, haijawahi kufanya biashara. Wiki za mwanzo ilifanya kazi. Kisha kahawa ikaanza kubadilika, leo kali, kesho chungu, na buni ni ile ile. Nikadhani ni usagaji. Nikabadilisha buni, nikabadilisha kipimo. Halafu valvu ya usalama ikaanza kupiga filimbi, na chini ya mashine nikawa nakuta maji.

Fundi aliyeifungua alinipigia picha. Ndani ya boila ukoko ulikuwa mnene kama ganda la yai la mbuni, chuma cha kuchemshia kimefunikwa chote, lile bomba la maji ya kahawa limeziba karibu nusu. Kumbe ndiyo maana joto lilikuwa linayumba. Maji yaliyovuja yalishafika kwenye saketi. Muuzaji nikimpigia hapokei. Kampuni iliyoingiza mashine hizo ikaniambia hawana tena kitengo cha matengenezo, wakanielekeza kwa wengine, wale wakaagiza gasketi ya kipimo kisicho chake. Tukarudia upya. Miezi yote hiyo mashine imekaa mezani imefunuliwa tumbo, na mimi nakunywa kahawa ya unga ya kukoroga.

Ushauri wangu: kabla hujaangalia mashine, muulize anayeuza nani anaifungua ikiharibika na spea ziko wapi. Asipokujibu kwa jina na mahali, ondoka.

Fundi Mvuke
Pole sana ndugu yangu. Na Kikombe Cheusi, umesema birika lako lina ukoko mweupe. Hadithi hiyo inakuhusu wewe hasa. Maji yenye kalsiamu yakichemka, chokaa inajitenga na kushika kwenye chuma. Boila ya mvuke ni mbaya zaidi: mvuke unatoka ukiwa safi, chumvi inabaki ndani, unaongeza maji, inaongezeka tena. Kila siku. Ndiyo maana nawaambia watu wachote maji ya moto kwenye boila hiyo mara kwa mara, yaingie mapya.

Taratibu Tu
Si anunue tu maji yaliyotoneshwa, yasiyo na chochote?

Fundi Mvuke
Hapana. Mashine nyingi zinapima kina cha maji kwa kupitisha umeme ndani ya maji hayo. Maji matupu kabisa hayapitishi, kwa hiyo mashine inadhani boila haina kitu. Pia yanakula baadhi ya metali, na kahawa yake haina uhai. Wengi wanachukua maji hayo matupu na kuongeza bikaboneti ya potasiamu, gramu 0.1 kwa lita. Hayaachi ukoko na vipimo vinafanya kazi. Na ile mitungi ya kulainisha maji isikudanganye kabisa: inatoa kalsiamu, kloridi inabaki pale pale, na kloridi ndiyo inayotoboa boila za chuma cha pua.

Mokapoti Milele
Nimesoma yote haya nimechoka. Mleta mada tayari ana mokapoti. Kahawa nzito, haina saketi, haina chokaa ya kumlilia fundi. Espreso hiyo hiyo.

Mvuta Wenzo
Si hiyo hiyo. Mokapoti inafikia bar moja na kitu, basi. Ni kinywaji kizuri, naheshimu, lakini ni kingine.

Mokapoti Milele
Mbona yangu inatoa krema?

Mvuta Wenzo
Lile ni povu, linaondoka ukiwa unaliangalia. Au unatumia robusta. Robusta inatoa povu jingi.

Mama Povu
Na kafeini karibu mara mbili ya arabika. Ila jamani krema si kipimo cha ubora. Onja krema peke yake kwa kijiko, ni chungu. Wapo wanaoikoroga, wapo wanaoiondoa.

Mvuta Wenzo
Kuiondoa ni kuiharibu espreso. Mafuta na harufu viko humo humo. Hilo sikubaliani nalo hata kidogo.

Mama Povu
Onja zote mbili bega kwa bega kisha urudi hapa.

Kikombe Cheusi
Wakuu nashukuru sana. Kweli nilikuwa nimeangalia mashine peke yake. E61 naona inaondoka kwenye orodha kwa sababu ya ule muda wa kupasha, ingawa moyo wangu ulikuwa huko. Kati ya Micra na Breville bado. Kwa mtu wa kwanza kabisa kuingia kwenye espreso, ile tofauti nitaionja kwenye kikombe?

Taratibu Tu
Nyeusi, zikisagiwa mashine moja na joto sawa, ni ngumu kuzitofautisha. Micra ina pampu ya kuzunguka, kimya kabisa, na mwili wa kukaa miaka mingi. Breville inakupa mambo mengi ya kurekebisha kwa fedha kidogo. Usiku nyumbani pakiwa na watoto waliolala, kimya kina thamani yake.

Mama Povu
Mimi sikubali kwamba tofauti ni kelele tu. Mwenzake anakunywa maziwa, mvuke ndio unaopima mashine. Micra ina mvuke wa nguvu, maziwa yanakuwa laini kabla hayajapita nyuzi 65. Ukichelewa yakavuka 70 utamu umekwenda.

Mpangaji Makini
Na nani atazifungua zikiharibika? Bado hajajibu.

Kikombe Cheusi
Hilo nimeanza kuulizia leo. Mama Povu, mwenzangu siku hizi anatumia maziwa ya oti. Yanapigika povu?

Mama Povu
Chukua yaliyoandikwa kwamba ni ya kahawa. Yameongezwa mafuta na kidhibiti cha uchachu, hayakatiki yakikutana na espreso. Ya kawaida yanatoa mapovu makubwa yanayopasuka mara moja. Anza kuingiza hewa mapema, acha mapema pia.

Mokapoti Milele
Na mimi niulize, maana nina buni nyingi nimeletewa. Nazihifadhije? Mfuko una kale kavalvu.

Fundi Mvuke
Kavalvu kanatoa gesi ya kaboni nje na kuzuia hewa isiingie. Zimekaangwa lini? Kwa espreso ziache zipumue wiki moja au zaidi, zile zilizokaangwa kidogo zinataka muda mrefu zaidi. Ukizitumia zikiwa zimetoka tu kukaangwa, gesi inasukuma maji na shoti inarukaruka.

Mokapoti Milele
Tarehe haipo. Kuna ya kuisha muda tu.

Mama Povu
Basi aliyekuletea hajui pia. Zigandishe kwenye friza katika pakiti ndogo ndogo, hewa imetolewa, kila pakiti ya siku chache. Ukitoa moja, usiifungue mpaka iwe na joto la chumba, la sivyo unyevu unaganda juu ya punje na usagaji wako unaharibika.

Mvuta Wenzo
Mimi nasaga zikiwa zimeganda hivyo hivyo, gramu 18 kwa kichupa. Zinasagika sawasawa zaidi.

Mama Povu
Kichupa cha shoti moja sawa, maana unamimina chote. Mfuko mzima hapana.