Msaada: glasi fupi za whisky na kokteli, nichukue zipi? (Arusha)

NjiroKwetu: Habari wakuu. Nataka glasi fupi za whisky. Nimeona za kioo kizito, za kristali, na zile ngumu za Ufaransa, Duralex. Ijumaa nashuka mjini. Zipi bora?

Mzee_Kijenge: Za nyumbani au biashara? Ngapi? Bajeti je? Unauliza kama mtu anayeuliza "gari gani zuri".

Kaunta_Sakina: Angalia kitako kwanza. Old Fashioned, ile kokteli ya whisky, sukari inapondwa na bitters (matone machungu ya viungo) humo humo ndani ya glasi, kitako chembamba hakihimili mchi. Mililita 300 zinatosha, ila ukipenda bonge kubwa la barafu nenda 350.

Binti_Kibosho: Kristali jamani! Ukiigonga inalia, mgeni anakaa vizuri mwenyewe.

Mzee_Kijenge: Kristali ya kizamani ina madini ya risasi, kuanzia 24%. Kunywea toti haina shida kubwa, ila usilaze kinywaji humo, risasi itaingia. Siku hizi zipo zisizo na risasi.

Binti_Kibosho: Whisky ya kulala sisi Moshi hatuna, babu.

NjiroKwetu: Ni kaunta ndogo, naanza na dazeni nne.

Kaunta_Sakina: Hapo kristali sahau. Kuna baa niliwahi kufanya kazi, bosi alileta glasi nzito za bei chee. Jumamosi watu wamejaa, glasi zinatoka kwenye maji ya moto, bosi anapiga kelele "peleka, peleka!" Dogo wa kaunta akachotea barafu kwa glasi yenyewe, ikiwa bado ya moto. Paa! Vipande vyote ndani ya sanduku la barafu, na kioo kwenye barafu hukioni. Tulimwaga barafu yote, tukaosha sanduku, wateja wakanywa bia saa nzima. Bosi alitaka kumkata dogo mshahara, tukagoma. Nunua kijiko cha barafu kabla ya glasi.

Arif_Mianzini: Ndiyo maana mimi nasema Duralex. Joto na baridi inastahimili. Ubaya wake ikivunjika inakuwa punje punje, utafagia mpaka kesho.

Binti_Kibosho: Mbona zinafanana na za chai?

Arif_Mianzini: Konyagi inajali glasi?

Mzee_Kijenge: Kaulizia whisky, wewe unaleta Konyagi.

Arif_Mianzini: Mzee, whisky unayokunywa na soda ina tofauti gani? 😂

Mzee_Kijenge: Nakunywa na maji. Tena sugueni glasi kwa siki, maji ya huku yanaacha ukungu.

Binti_Kibosho: Hiyo si floraidi, madini yanayobadili rangi ya meno? Mimi nachemsha maji ya barafu.

Mzee_Kijenge: Ukungu ni chumvichumvi. Floraidi huioni, na kuchemsha hakuitoi. Maji yakipungua ndiyo inakolea. Pale kituo cha utafiti cha Ngurdoto wanaichuja kwa mkaa wa mifupa.

Kaunta_Sakina: Mifupa ya ng'ombe?

Mzee_Kijenge: Ya ng'ombe.

Arif_Mianzini: Basi Jumamosi baada ya nyama choma msitupe.