Chuo kikikaidi amri ya korti, Naibu Chansela afungwe?

Mkereketwa: Tuseme mahakama ya kazi, hapa Kenya, imeamuru mhadhiri arejeshwe. Chuo kinamwandikia barua ya kumkaribisha, lakini jina lake halimo kwenye ratiba, ofisi ina kufuli jipya, na huu ni mwezi wa tatu hana payslip. Naibu Chansela aende ndani. Amri si kadi ya harusi.

Dawa ya Moto: Kwa sheria ipi? Ile ya Kudharau Mahakama ya 2016 Mahakama Kuu iliitupa 2018, umma haukushirikishwa. Halafu mawakili wa siku hizi wanaacha amri kwa karani wa mapokezi, anagonga muhuri, kesho yake wanataka mtu afungwe.

Muhuri wa Buluu: "Wa siku hizi" ni akina nani? Sheria ikitupwa, tunarudi kifungu cha 5 cha Sura ya 8 (Judicature Act, sheria ya mahakama), mamlaka ya kuadhibu yapo. Na tangu kesi ya Basil Criticos, 2012, kuijua amri kunatosha, hata kama hukukabidhiwa mkononi. Wakili wa chuo alikuwa kortini jaji akisoma. Mteja wake alikuwa mwezini?

Dawa ya Moto: Umechomwa na neno langu la muhuri, ukasahau mengine. Amri iwe wazi, aijue, aivunje, tena makusudi. Na ushahidi unapita ule wa kesi ya madai ya kawaida, kwa sababu mtu atalala gereza la Kamiti. Ukiandika "arejeshwe" bila cheo, tarehe wala malimbikizo ya mshahara, hapo ndipo wakili wa chuo atachomokea.

Pwani Moja: Swali dogo. Kwa nini afungwe naibu na Chansela mwenyewe yupo?

Mkereketwa: 😂 Chansela ni wa joho na mahafali. Mkuu wa masomo na utawala ni Naibu.

Pwani Moja: Basi mwiteni mkuu. Watanzania wanasema Makamu Mkuu wa Chuo.

Muhuri wa Buluu: Ahsante, "makamu" ndiyo imetuondolea utata!

Pwani Moja: Angalau hawana "naibu wa naibu".

Bi Rufaa: Mkimaliza vyeo: chuo kinasema kimekata rufaa.

Dawa ya Moto: Rufaa peke yake haisimamishi kitu, Agizo la 42 Kanuni ya 6 ya kanuni za kesi za madai. Waombe kusimamishwa kwa utekelezaji. Bila hiyo, saa inahesabu.

Bi Rufaa: Basi mhadhiri aache kulia na barua. Hati ya kiapo iwe na amri yenye muhuri na onyo la adhabu juu yake, ratiba ya idara, taarifa ya benki ya miezi hiyo mitatu, na barua pepe aliyouliza apangiwe somo gani. Hiyo ya mwisho ndiyo watu husahau. Asipouliza, chuo kitaapa kwamba hakuripoti kazini.

Muhuri wa Buluu: Na hiyo barua pepe, Dawa, nayo apeleke mkononi?