Fataki za mwaka mpya zinanirudisha Makobola

MamaWatatu: Habari zenu ndugu. Mi ni wa Makobola, kule Fizi mashariki mwa Kongo, vita vilitufanya tuvuke ziwa Tanganyika nikiwa na miaka 9, nimekulia kambi ya wakimbizi Nyarugusu, Tanzania, na sasa niko Marekani na mume na watoto. Shida yangu Desemba. Tarehe 30 ikikaribia sipati usingizi kabisa, na usiku wa mwaka mpya majirani wakianza kupiga fataki najikuta niko chini ya kitanda nimembana kitinda mimba mpaka analia. Siku ile mama alikuwa anatwanga sombe (majani ya mihogo) ya sikukuu, kinu kikanyamaza ghafla, tukakimbilia kwenye mihogo. Mpaka leo sombe sili. Mume wangu anasema ulikuwa mdogo, hayo umesimuliwa tu, sahau. Sa hivi najiuliza niliona kweli au niliota? Nifanyeje jamani

Mtoto_wa_Fizi: Pole sana dada. Hukuota. Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya 2010 imeandika, kuanzia 30 Desemba 1998 hadi 2 Januari 1999 waliuawa zaidi ya watu 800 hapo Makobola na vijiji vya jirani. Na kinu kunyamaza nani angekusimulia? Hicho ni chako mwenyewe.

Umulisa94: Mi Mnyarwanda, nilinusurika mauaji ya kimbari ya 1994. Kwetu Aprili, mwezi wa kumbukumbu, ikifika mtu anaweza kuanguka anapiga kelele wanakuja wanakuja kama vile ni siku ileile, tunaita ihahamuka, na aliyepatwa haambiwi sahau, watu wanamshika wanakaa naye hadi atulie. Tarehe 30 usikae peke yako mama, ita hata mtu mmoja wa kwenu muwashe mshumaa mtaje majina ya waliokwenda. Fataki zikianza kanyaga sakafu kwa miguu mitupu, shika kitu cha baridi, jiambie kwa sauti mwaka huu ni mwaka gani na uko wapi. Mi inanisaidia.

Baba Neema: Dada nenda kwa daktari umweleze yote. Na huku Marekani hospitali inatakiwa ikupe mkalimani wa Kiswahili bure, we omba, usikubali mwanao akutafsirie mambo hayo, mi nilimtumia binti yangu wa miaka 12 na najuta hadi leo.

MamaWatatu: Asanteni sana, nimelia. Nimemsomea mume wangu yote, kanyamaza muda mrefu halafu akaniuliza kinu kilikuwa upande gani wa nyumba.