Kuhamisha hesabu za SACCO kwenye wingu: tunapata nini, tunapoteza nini?

Mhazini_Mbale: Habari zenu wanajukwaa. SACCO yetu (chama cha akiba na mikopo) hapa Uganda ina kompyuta 6 na seva moja, yaani kompyuta kuu, yenye data ya gigabaiti 200 hivi: hesabu, pamoja na picha za vitambulisho vya wanachama. Kamati imeshauriwa ihamie kwenye wingu. Wingu hasa ni nini, na mtego wake uko wapi? Laini yetu ya intaneti ni ya megabiti 10 kwa sekunde.

Fundi wa Seva: Ndugu Mhazini, wingu ni kupanga badala ya kununua. Seva zimo katika jengo la kampuni fulani, unazifikia kwa intaneti, unalipia kadiri unavyotumia. Unaweza kupanga mashine tupu ukaweka kila kitu mwenyewe, au ukapanga programu ya hesabu iliyo tayari, ya kufungua kwenye kivinjari tu. Chukueni hiyo ya pili. Mashine tupu inataka fundi wa kuilinda na kuisasisha kila wiki, na SACCO ndogo haina fundi huyo.

Faida ni za kweli. Seva ya chini ya meza ikiibwa au diski yake ikifa, hesabu zimekwenda nayo. Kule data huwekwa nakala kwenye diski kadhaa. Mkifungua tawi, mnatumia daftari lile lile.

Sasa kuhamia kwenyewe. Gigabaiti 200 kwa megabiti 10 ni saa 44 mfululizo, tena kama hakuna mwingine anayetumia laini. Pimeni kwanza kasi ya kupandisha (kutuma data kwenda kwenye wingu), maana mara nyingi ni ndogo kuliko ya kushusha (kuipokea). Ikiwa ni megabiti 2, hesabuni siku 9. Kwa hiyo pandisheni hesabu kwanza, picha zifuate usiku. Picha ya kitambulisho ya megabaiti 4 ikipunguzwa hadi kilobaiti 300 bado inasomeka.

Dada wa Mitandao: Umeme ukikatika wingu halizimi, ila ruta yenu, kile kifaa kinachogawa intaneti ofisini, inazima, na kwenu matokeo ni yale yale. Betri ya volti 12 yenye ujazo wa Ah 7 (ampea-saa) itaiendesha ruta ya wati 10 kwa saa 4 hivi bila kuikamua hadi mwisho. Wekeni pia laini ya akiba kutoka kampuni nyingine ya simu.

Hata hivyo laini mbili haziokoi kila kitu. Uganda haina bahari, tunategemea mikongo inayopitia kwa majirani. Mei 2024 mikongo ya chini ya bahari ya EASSy na Seacom ilipokatika, Afrika Mashariki nzima iliona. Januari 2021, wakati wa uchaguzi, intaneti ilizimwa nchi nzima kwa siku kadhaa. Kila jioni kabla ya kufunga, shusheni orodha ya salio za wanachama kwenye diski iliyopo ofisini. Kesho yake mkikosa mtandao, mwanachama atahudumiwa kwa orodha hiyo na stakabadhi za karatasi.

Mkaguzi: Msisahau sheria. Sheria ya Ulinzi wa Data na Faragha ya 2019 haikatazi kuweka data nje ya Uganda, lakini nchi inakowekwa lazima iwe na ulinzi usiopungua wa sheria yetu, la sivyo mwanachama awe ameridhia. Ulizeni data italala wapi: Cape Town, Johannesburg, Ulaya? Jibu liandikwe kwenye mkataba.

Someni pia vipengele vya malipo na vya kutoka, yaani masharti ya kuhama na data zenu. Bili nyingi ni za dola, shilingi ikishuka bei imepanda. Baadhi ya kampuni hutoza kila gigabaiti unayoishusha. Na kama hesabu zenu haziwezi kutolewa kama jedwali la kawaida, msitie sahihi.

Mhazini_Mbale: Ahsanteni sana. Seva ya zamani tuiuze?

Fundi wa Seva: Hapana! Endesheni zote mbili mwezi mzima, mlinganishe salio kila jioni. Kisha jaribuni kurejesha nakala ya akiba kwenye kompyuta nyingine. Nakala isiyowahi kurejeshwa msiihesabu. Akaunti kuu isajiliwe kwa barua pepe na laini ya simu ya SACCO, si ya fundi wala ya mhazini, kwa sababu siku mwenye laini akiondoka, ile namba ya uthibitisho inayotumwa kwa simu wakati wa kuingia itaendelea kwenda kwake. Kila karani awe na nywila yake.